Fundi wa Dhahabu Aliyewaudhi Wasomi wa Konya

Kila inapokaribia tarehe 17 Desemba, siku aliyofariki Jalaluddin Rumi, mshairi na sheikh wa Kisufi, mwaka 1273, hadithi moja huanza kuzunguka kwenye simu za watu. Rumi anapita sokoni Konya, mji wa Uturuki ya leo. Anasikia nyundo za mafundi zikigonga dhahabu kwa mpigo mmoja. Jazba inampanda, anaanza kuzunguka pale pale njiani, joho linapepea. Mwenye duka, Salahuddin Zarkub, anatoka mbio na kumwangukia miguuni. Tangu siku hiyo wanakuwa marafiki wa kufa na kuzikana. Chini ya hadithi kuna picha ya machweo, na watu wameandika mashaallah.

Hadithi naipenda, sikatai. Ila inanikera kwa jambo moja: inamfanya yule fundi aonekane kama kitu kilichookotwa njiani. Mtu mkubwa kapita, kasikia sauti nzuri, kainama, kaokota. Wakati hawa wawili walikuwa wanajuana miaka na miaka kabla ya siku hiyo, walisomeshwa na mwalimu mmoja, na mmoja wao alikuwa amekwisha kumpa mwenziwe chumba chake mwenyewe. Na likitafutwa jambo la kushangaza katika maisha ya Zarkub, si ile ngoma ya sokoni. Ni kwamba mtoto wa mvuvi, asiyejua kuandika, aliwekwa kuwa sheikh juu ya watu waliokula chumvi nyingi katika elimu, akaishika nafasi hiyo karibu miaka kumi, na waliochukia walifika mpaka kula njama ya kumuua.

Jina lake lilikuwa Salahuddin Faridun, mwana wa Yaghibasan. Kwao ni Kamila, kijiji cha karibu na Konya, na watu wa nyumbani kwake waliishi kwa kuvua samaki. Zarkub si jina la ukoo, ni kazi yake: mfua dhahabu. Konya ya karne ya 13 ilikuwa mji mkuu wa masultani wa Kiseljuk, na pesa za kujenga misikiti, madrasa na makasri zilikuwepo, hata baada ya Wamongolia kuwapiga Waseljuk pale Köse Dağ mwaka 1243 na kuanza kuwatoza kodi. Kijana wa kijijini mwenye mikono mizuri angeweza kuja mjini, akajifunza ufundi, akafungua duka. Ndivyo alivyofanya.

Hapa lazima nisimame kwenye kazi yenyewe, maana wasimuliaji wengi hupita mbio. Sonara sisi tunamjua kwa pete, bangili na vipini. Mfua dhahabu ni fundi wa namna nyingine. Yeye anachukua kipande kidogo cha dhahabu, anakigonga mpaka kinakuwa utepe, anaukata utepe vipande vya mraba, kisha anavipanga kimoja kimoja katikati ya karatasi za ngozi nyembamba, rundo zima likawa kama kitabu. Kitabu hicho kinafungwa, kinawekwa juu ya jiwe, na kinapigwa kwa nyundo nzito. Saa nyingi. Dhahabu inatambaa ndani mpaka inafika ukingoni. Inafunguliwa, inakatwa vipande vinne, inapangwa upya, inapigwa tena. Gramu moja ya dhahabu ikifuliwa hivyo inaweza kufunika eneo la karibu mita moja ya mraba, na ukiinyanyua mbele ya mwanga, mwanga unapenya na kuonekana wa kijani. Haishikiki kwa vidole. Ukiigusa inakung'ang'ania na kuchanika. Pumzi yako tu inatosha kuipeperusha. Dhahabu ya namna hiyo ndiyo iliyopamba kurasa za misahafu, majalada ya vitabu na mapambo ya majumba.

Sasa, ule mpigo sawa wa nyundo uliomrusha Rumi haukuwa madoido ya mafundi wachangamfu. Ni sharti la kazi. Nyundo ikiangukia upande mmoja kuliko mwingine, dhahabu inapasuka ndani ya kitabu na huioni mpaka ufungue. Kwa hiyo fundi anapiga, anageuza rundo kidogo, anapiga, anageuza. Mimi nimekulia jirani na mafundi bati, wale wa majiko na makarai, na nakumbuka mzee mwenye karakana alivyoweza kuwa amekaa nje akiongea na wateja, ghafla akakatiza maneno na kumfokea kijana aliyekuwa ndani kwamba amechoka, aweke nyundo chini apumzike kabla hajaharibu bati. Hakuwa amemwona. Alikuwa amemsikia. Basi mtu aliyefua dhahabu miaka yote ile, akisimamia vijana kadhaa wakipiga pamoja, alikuwa na masikio ya namna gani?

Kwa sababu hiyo, sehemu ya hadithi ninayoiona nzito si Rumi kuzunguka. Ni anachofanya Salahuddin. Aflaki, aliyekusanya habari za Rumi na watu wake kuanzia mwaka 1318, anasimulia kwamba Salahuddin alipomwona Rumi katika hali ile, aliwaamuru vijana wake wasiache kupiga, hata dhahabu ikiharibika. Mtu asiyejua kazi hawezi kuona uzito wa amri hiyo. Dhahabu iliyokwisha kufika ukingoni ukiendelea kuipiga unaimaliza. Kila pigo la ziada lilikuwa ni mtaji unaokwenda. Anasema Aflaki kwamba Rumi alizunguka tangu adhuhuri mpaka karibu na alasiri. Salahuddin mwenyewe alijaribu kuzunguka naye akashindwa, mwili wake ulikuwa umedhoofika kwa kufunga na kukesha, akarudi dukani. (Wale vijana waliopiga nyundo mchana kutwa hakuna aliyewaandika jina. Mikono yao je, siku ya pili?)

Aflaki anaongeza kwamba Salahuddin alipotazama ndani, alikuta duka limejaa dhahabu safi na hata zana zimegeuka dhahabu. Hapo mimi namwacha mkono. Si kwamba karama haziwezekani, bali karama hii inafuta kilichotangulia. Mtu kakubali hasara, halafu unamlipa hapo hapo na faida juu? Bora kile kinachofuata katika masimulizi hayo hayo: aliwaruhusu watu waingie wachukue kila kitu, duka likaisha, na yeye akatoka kumfuata Rumi. Rumi akaimba ghazali, shairi la mapenzi, inayosema hazina imeonekana katika lile duka la mfua dhahabu, akashangaa uzuri wake wa nje na maana yake ya ndani. Shairi hilo lipo mpaka leo katika diwani yake.

Turudi nyuma, maana nimeanza na mwisho. Mwaka 1231 alifariki Bahauddin Walad, baba yake Rumi, mwanachuoni aliyehamia Konya na jamaa zake kutoka mashariki. Mwaka uliofuata akaja mjini mwanafunzi wake wa zamani, Burhanuddin Muhaqqiq wa Tirmidh, kumlea mtoto wa sheikh wake. Rumi alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, tayari msomi, na Burhanuddin akamwambia umerithi elimu ya dhahiri ya baba yako, bado ile nyingine. Akampeleka Halab (Aleppo) na Damascus kusoma zaidi, akampitisha katika chuo cha kufunga na kukaa peke yake. Katika miaka hiyo hiyo, Burhanuddin huyo alikuwa na muridi mwingine Konya, fundi mwenye duka sokoni. Inasimuliwa kwamba Burhanuddin alisema alipewa na sheikh wake vitu viwili, ufasaha wa maneno na uzuri wa hali. Maneno akampa Jalaluddin, hali akampa Salahuddin.

Kauli hiyo mtu anaweza kuichukua kama sifa za kugawa peremende, kila mtoto na yake. Mimi naiona ni ramani ya mambo yote yaliyofuata. Rumi alipewa kinywa. Zarkub hakupewa kinywa, na watu wa Konya hawakumsamehe kwa hilo.

Burhanuddin alihamia Kayseri, akafia huko. Salahuddin alikuwa amerudi kijijini, ameoa, amepata watoto. Aliporudi tena Konya aliingia msikitini siku ya Ijumaa, akamkuta Rumi akitoa mawaidha, na katika maneno yale akamsikia mwalimu wao. Akapiga ukelele, akaenda mbele, akambusu miguu. Kwa hiyo kama kulikuwa na siku ya kukutana, ni hiyo, na fundi ndiye aliyemtambua msomi. Si kinyume chake.

Kisha akaja Shams.

Habari za Shams wa Tabriz, darwishi aliyekuja kuwa kipenzi cha Rumi, zimeandikwa mpaka basi, nami sitazirudia: aliingia Konya mwezi Novemba 1244, akampindua Rumi kichwa chini miguu juu, akaondoka, akarudishwa, akatoweka kabisa kabla ya miaka ya 1240 kwisha. Ninachotaka kuonyesha ni kitu kimoja. Rumi na Shams walipojifungia kwa miezi, wakaacha darasa na wanafunzi wakibweka nje, chumba walichojifungia, kwa mujibu wa Sipahsalar aliyekuwa miongoni mwa watu wa Rumi, kilikuwa cha Salahuddin. Yeye ndiye aliyekuwa akiingia na kutoka. Mji mzima ulikuwa unagombana juu ya Shams, na mwenye nyumba kimya.

Baada ya Shams kutoweka Rumi alikwenda Damascus kumtafuta, zaidi ya mara moja, hakumpata. Alirudi akiwa mtu mwingine. Na badala ya kurudi kwenye kiti chake cha kufundisha, alitangaza kwamba hana tena hamu ya kuwa sheikh wa mtu, wafuasi wake wote wamfuate Salahuddin. Hata mtoto wake mkubwa, Sultan Walad, alimwita akamwambia hivyo hivyo. Sultan Walad akakubali, na ni yeye aliyetuachia maelezo ya karibu zaidi ya kilichotokea, katika utenzi wake wa mwaka 1291.

Anayataja manung'uniko ya watu bila kuyapaka asali. Walisema: tumemkwepa mmoja, tumeangukia kwa mbaya zaidi. Yule wa kwanza angalau alikuwa mtu wa Tabriz, ana elimu, anajua kusema. Huyu ni wa hapa hapa, tunamjua tangu utotoni, jana alikuwa anagonga dhahabu dukani. Hajui kuandika. Hata Alhamdu haisomi sawasawa. Na maulana wetu, bahari ya elimu, anamsujudia huyu?

Soma manung'uniko hayo polepole utaona kuwa hakuna hata moja linalohusu dini. Hakuna aliyesema Salahuddin ni mwongo, au mlevi, au ana tamaa ya mali. Makosa yake yalikuwa matatu: matamshi, kazi ya mikono, na kuwa jirani. La tatu naona ndilo lililowauma kuliko yote. Mgeni kutoka mbali unaweza kumkubali, kwa kuwa kumkubali hakukupunguzii kitu. Lakini mtu uliyemwona akipanga foleni ya mkate, mtu mliyebishana naye bei ya pambo, ukubali kwamba muda wote huo alikuwa na kitu ambacho wewe na vitabu vyako hukukipata? Nabii hana heshima kwao, walisema wahenga, na Konya haikuwa tofauti na mtaa wowote unaoujua wewe.

Hasira zilifika pabaya. Baadhi yao walikaa wakakubaliana wamuue wamzike, habari zikavuja. Salahuddin alipoambiwa, anasema Sultan Walad, alicheka. Akasema hakuna hata unyasi unaotikisika bila amri ya Mungu, sembuse roho yake. Kisha akasema jambo ambalo nadhani ni maneno yake makubwa kuliko yote tuliyoachiwa: wanaudhika kwamba Maulana kanichagua mimi, hawajui kwamba mimi ni kioo tu, anajiona mwenyewe ndani yangu, sasa kwa nini asijichague?

Watu wengi hulinukuu neno hilo kama unyenyekevu. Mimi sioni unyenyekevu wa kawaida hapo. Mtu anayesema mimi si kitu, halafu papo hapo akasema msomi mkubwa kuliko wote mjini hawezi kujiona bila mimi, huyo anaijua thamani yake barabara. Rumi na Salahuddin wakawageuzia mgongo wale waliokula njama, na kugeuziwa mgongo na Rumi kuliwashinda kuliko ugomvi. Wakaja wakilia mlangoni. Wakasamehewa.

Lakini minong'ono haikuisha, na katika mazungumzo ya Rumi yaliyoandikwa na wanafunzi wake limo moja alilolisema kwa Kiarabu, akimlenga mtu aliyeitwa Ibn Chavush, ambaye alikuwa akimsema vibaya Salahuddin. Rumi mpole wa kadi za salamu humkuti hapo. Anasema watu wanaacha nchi zao, baba zao na mama zao, wanasafiri kutoka Hind mpaka Sind, wanavaa viatu vya chuma mpaka vinachakaa, wakitumaini kumpata mtu mmoja tu mwenye harufu ya ulimwengu ule mwingine. Na wewe umempata nyumbani mwako, ukampa kisogo. Ni maneno ya mtu aliyechoka kutetea jambo ambalo kwake liko wazi kama jua la saa saba.

Kuna tukio dogo kuliko hilo, na kwangu linaeleza zaidi. Siku moja Rumi, bingwa wa Kiajemi na Kiarabu, alisema mbele za watu waletewe lile kufuli, lakini badala ya kusema «qufl» kama wasemavyo wasomi, akasema «qulf», herufi zimepishana. Mara nyingine alitaka kusema mtu fulani amepata mtihani, «mubtala», akasema «muftala». Mjuaji mmoja aliyekuwepo, na hawakosekani, akamsahihisha. Rumi akamjibu: naam, ni kama unavyosema, lakini nimesema hivyo kwa kumchunga mpenzi mmoja, kwa kuwa Salahuddin hutamka hivyo, na sahihi ni alivyosema yeye.

Fikiria maana yake. Si kwamba Rumi alivumilia matamshi ya sheikh wake fundi. Aliyachukua akayaweka kinywani mwake, hadharani, mbele ya wale wale waliokuwa wakiyacheka. Tangu siku hiyo nani angethubutu kucheka? Kumcheka Zarkub kungekuwa kumcheka Rumi.

Alifundisha nini basi? Kitabu hakuacha, na shairi pia hakuacha, ingawa Rumi alitunga makumi ya ghazali zenye jina la Salahuddin mwishoni, pale ambapo mshairi kwa desturi angeweka jina lake mwenyewe. Sultan Walad, aliyekuwa muridi wake, anasema alimtaka asitazame sheikh mwingine yeyote, na kwamba kwa Salahuddin ule mchemko wa baba yake ulitulia. Ndiyo habari yenyewe. Shams alimchoma Rumi. Salahuddin alimkalisha chini. Mtu aliyepoteza kipenzi chake, anayetembea usiku akiulizia habari zake kwa wasafiri, alipata mtu wa kukaa naye miaka kumi ambaye hakumwambia tulia. Kazi ya namna hiyo haina hotuba ya kunukuu, ndiyo maana wanaopenda nukuu wanampita.

Undugu huo ukawa wa damu. Sultan Walad alimwoa Fatima, binti mkubwa wa Salahuddin. Rumi mwenyewe ndiye, kwa masimulizi ya Aflaki, aliyemfundisha binti huyo kuandika na kusoma Kurani. Yaani msomi kamfundisha kalamu mtoto wa fundi asiyejua kalamu. Rumi alimwita Fatima jicho lake la kulia, na mdogo wake Fatima, Hadiyya, jicho la kushoto. Na ndoa ilipoingia misukosuko, kama zinavyoingia, Rumi alimwandikia mkwewe barua ambayo kila mkwe angependa kuandikiwa. Anamwambia asimfiche lolote. Kama mwanangu Bahauddin (ndilo jina la Sultan Walad) atajitahidi kukuumiza, nitaung'oa upendo wake moyoni mwangu, salamu yake sitaijibu, na kwenye mazishi yangu simtaki.

Zamu ya Hadiyya kuolewa ilipofika, mchumba wake akiwa Nizamuddin, mwandishi wa hati za mkono, ikaonekana hakuna cha kumpamba bibi harusi. Nyumba ya mfua dhahabu, hamna hata kipini cha kumvisha mwali! Habari zikapelekwa kwa Gurji Khatun, binti wa kifalme wa Georgia aliyewahi kuwa mke wa sultani na aliyekuwa akimpenda sana Rumi. Wanawake wa kasri wakachanga nguo, vito na vyombo, vikaja vingi mpaka vikagawiwa mafungu mawili, moja la Hadiyya na jingine la Fatima.

Mwaka 1258 ulianza kwa Baghdad kuanguka mikononi mwa Wamongolia na khalifa kuuawa. Ulimalizika, huko Konya, kwa Salahuddin kitandani. Aliugua muda mrefu. Alifariki tarehe 29 Desemba, siku ya kwanza ya Muharram mwaka 657. Alikuwa ameusia kwamba asililiwe: waletwe wapiga ngoma na matari, asindikizwe kwa furaha kama mtu anayekwenda kwa Mola wake. Rumi akatimiza. Alivua kilemba, akaenda mbele ya jeneza akizunguka, waimbaji wakiimba, mpaka kaburini, na kaburi lilikuwa pembeni mwa baba yake, Bahauddin Walad. Walalamishi wa Konya walikuwa na la kusema siku ile, bila shaka. Miaka kumi na mitano baadaye Rumi naye alizikwa kwa nyimbo, na usiku wa kifo chake ukaitwa usiku wa harusi. Nikisikia watu wakizungumzia mazishi hayo kama ubunifu wa Rumi, huwa nakumbuka kwamba fundi ndiye aliyetangulia kuyaagiza kwa ajili yake mwenyewe.

Kwenye maombolezo aliyomtungia, Rumi anasema kwa kuondoka kwake ardhi na mbingu zimelia, na akili na roho zimelia.

Baada yake nafasi ilichukuliwa na Husamuddin Chalabi. Naye angalia anakotoka: baba yake alikuwa kiongozi wa Maakhi, zile jumuiya za vijana na mafundi wa miji ya Anatolia waliokuwa na nyumba zao za kukutania, miiko yao na meza yao ya wageni. Husamuddin ndiye aliyemwomba Rumi atunge Masnavi, utenzi wake mkubwa, akawa anaandika huku mwenziwe akisema. Huwa tunaambiwa kitabu hicho kimetoka madrasa. Kimetoka madrasa, ndiyo, lakini kimepitia sokoni.

Maakhi hao tunawajua vizuri kwa sababu ya mtu ambaye sisi wa pwani tunamjua kwa jambo jingine. Ibn Battuta, aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, muda mfupi baadaye alikuwa Anatolia. Huko Antalya alijiwa na mtu aliyevaa nguo kuukuu na kofia ya manyoya yaliyoshindiliwa, akawakaribisha chakula yeye na wenzake. Ibn Battuta akamhurumia, akadhani hana uwezo. Akaambiwa huyo ni mshona viatu, kiongozi wa mafundi kama mia mbili, na wamejenga zawiya, nyumba yao ya kukutania na kupokea wageni, kwa pesa zao. Wanachochuma mchana wanakula na wageni usiku. Alipofika Konya alilitaja kaburi la Rumi, na watu wakamsimulia kilichombadilisha. Si Shams waliyemtaja. Walisema siku moja aliingia darasani muuza halwa na sinia kichwani, akampa Rumi kipande, akatoka, na Rumi akaacha darasa akamfuata. Kwa tarehe na majina hadithi hiyo ni bovu kabisa. Lakini miaka sabini na kitu baada ya Zarkub kufa, watu wa kawaida wa Konya walikuwa wanakumbuka kwamba aliyemtoa Rumi darasani alikuwa mchuuzi wa mtaani.

Fatima na Sultan Walad walipata mtoto wa kiume mwaka 1272, Arif, mjukuu wa Rumi kwa baba na wa Zarkub kwa mama. Yeye ndiye aliyekuja kuongoza twarika ya Mevlevi, ya wafuasi wa Rumi, baada ya baba yake, akasafiri nayo miji mingi, na uongozi ukaja kukaa katika kizazi chake. Zawiya zilipofungwa kwa sheria Uturuki mwaka 1925, makao ya machalabi, yaani viongozi wa twarika hiyo, yakahamia Halab, na waliohama walikuwa bado ni damu ya mvuvi wa Kamila. Ile samaa, ibada ya kuzunguka kwa nyimbo, ambayo UNESCO iliitangaza mwaka 2005 kuwa urithi wa binadamu, na ambayo watalii hukata tiketi kuiangalia kila Desemba, imelelewa na watu hao.

Arif huyo huyo ndiye aliyemwagiza Aflaki mwaka 1318 akusanye habari za wazee wao. Kwa hiyo hadithi ya nyundo sokoni imetufikia kupitia kitabu alichoagiza mjukuu wa mwenye duka, na lazima isomwe hivyo: familia inamsimulia babu yake mbele ya watu waliowahi kumwita mjinga. Nadhani ndiyo maana zana zikageuka dhahabu. Wajukuu hawakutaka mtu aseme kwamba mzee wao alipata hasara.